Mraba Mweupe Magharibi ya Griftu

Mpendwa mdogo wangu Yusuf,

Assalaamu alaikum. Umeniuliza mara tatu kama hooyo ni mgonjwa, kwa sababu Ijumaa zinapita na mama yetu hapokei simu yako. Si mgonjwa. Juzi alitoka malishoni kwa miguu hadi hapa Griftu siku ya mnada, akauza mbuzi wake, akamgombeza dalali mpaka dalali akaomba msamaha, kisha akarudi zake. Ana nguvu kuliko mimi. Hapokei kwa sababu hataki, na mimi nimechoka kukutungia visingizio vya mtandao. Soma hadi mwisho kabla hujaanza kujitetea, maana nakujua.

Unakumbuka ile jioni ya kimondo? Hooyo na mimi tulikuwa tunakamua mbuzi, wewe umewashika watoto wa mbuzi wasituvurugie. Kimondo kikapita juu ya migunga, cheupe, kikazimika. Hooyo akatwambia wanayoambiwa watoto wote wa kwetu, kwamba lile ni jiwe la moto, mashetani hurushiwa wanapokwenda kudukiza habari za mbinguni. Mimi nilisema subhanallah nikaendelea kukamua. Wewe ukauliza, "Na likimkosa shetani, linamwangukia nani?"

Hooyo alicheka hadi akamwaga maziwa, na unajua kwetu maziwa hayamwagwi. Wiki nzima alilibeba swali lako kisimani, akiwasimulia Wasomali kwa Waborana. Alisema huyu Mungu hakumuumba achunge. Akamuuza ngamia jike aliyempenda kuliko wote, ukaenda shule ya bweni Garissa, na kutoka Garissa ukaenda na kwenda. Sikukuonea wivu. Labda kidogo. Lakini uliporudi likizo na vitabu vyako vya sayari, mimi ndiye niliyekushikia taa ukisoma.

Kwa hiyo uliponitumia ile video, niliifungua kwa furaha. Hooyo alikuwa amekaa mkekani kwangu, nikamsogezea simu. Ukatokea ukiwa umevaa suti, katika ukumbi wa wataalamu huko Ulaya, nyuma yako ukuta mzima ni ramani ya dunia. Hooyo aligusa kioo cha simu kwa kidole, pale penye shavu lako.

Ulieleza vizuri, sikatai. Ualimu ni wetu sote, mimi hapa shuleni Griftu, wewe huko. Ulisema asteroidi ni jiwe kubwa kama kilima linalozunguka jua, na kwamba hili lenu mmelibuni ili mfanye mazoezi kabla halijaja la kweli. Ulisema hakuna ajuaye mahali hasa litakapoanguka, basi kompyuta hulirusha maelfu ya mara, kila mara ikibadilisha kidogo kasi na mwelekeo. Kila mrusho unaacha nukta. Nukta zikiwa nyingi zinakuwa ukanda mrefu unaokatiza dunia, na wenu ulikatiza Afrika, ukapita juu ya miji mikubwa na jangwa na mashamba. Ulisema chombo cha angani kinaweza kuligonga jiwe likasogea, ila kwa muda uliobaki katika zoezi lenu haliwezi kuikosa dunia. Linaweza kuhamishwa tu, kutoka nukta moja ya ukanda hadi nyingine. Kilichobaki kwenu kilikuwa kuchagua.

Ndipo ukaleta ile ramani ya miraba. Mraba mwekundu una watu wengi, wa manjano wachache, mweupe hauna mtu. Ukaisukuma nukta kutoka kwenye mji mwekundu, taratibu, ukapita manjano, ukapita manjano tena, ukaisimamisha kwenye weupe. Pembeni ya weupe huo nilisoma jina la Wajir. Tarakimu ya vifo chini ya ramani ikashuka. Ukasema kwa Kiingereza chako kizuri kwamba eneo hili kimsingi halina watu. Wakakupigia makofi.

Hooyo akaniuliza, "Mwanangu anasema nini?"

Nilimwambia unasema jiwe litaanguka baharini. Ni uongo wangu, nitaujibu mimi mbele ya Mungu. Alisema alhamdulillah, na kesho yake kisima kizima kilikuwa kimepata habari kwamba mtoto wake anayageuza mawe ya mbinguni yasiue watu.

Mimi nilikuandikia siku ileile. Ukanijibu, "Abaayo, dada yangu, lile ni zoezi tu. Ramani sikuichora mimi, natumia data iliyopo." Ukaweka na alama ya kucheka.

Data iliyopo. Haya, tuikumbuke hiyo data, kwa sababu tulikuwepo ikitengenezwa, mimi na wewe.

Karani wa sensa alitufikia mchana wa jua kali, midomo imemkauka, kijana wa watu kutoka mbali. Wewe ulikuwa umerudi kutoka Garissa, ukawa mkalimani. Akauliza hooyo ana watoto wangapi. Hooyo akajibu, "Wapo, alhamdulillah. Idadi yao anayo aliyenipa." Kwetu mama hawahesabu watoto wake mbele ya mgeni, kama ambavyo mwenye ngamia hahesabu ngamia. Kuhesabu ni kuita kijicho, na yeye alikuwa amekwisha kuzika wawili. Karani akauliza tena, akauliza tena, jibu likawa lilelile. Ulichoka kutafsiri. Wakati huo ulimi wako ulikuwa bado wa nyumbani, p zote ukizifanya b, ukamwambia, "Andika mama na sisi wawili. Hao wengine wamebeleka ngamia kisima ya mbali. Hawako haba." Nilicheka. Sijitoi, mimi pia nilicheka. Karani akaandika watatu, akafunga kitabu, na nyumba za aqal zilizokuwa ng'ambo ya bonde hakuzifikia kabisa.

Umenieleza mwenyewe kwamba siku hizi ramani husaidiwa na picha za setilaiti zinazotafuta mapaa. Paa la mabati linaonekana. Aqal ya hooyo ni mikeka na matawi yaliyopindwa, na kwa setilaiti hicho ni kichaka. Malisho yakiisha, kichaka kinapakiwa juu ya ngamia na kuondoka.

Basi katika ukumbi ule wote, wewe peke yako ndiye uliyejua kwa nini mraba ule ni mweupe. Profesa mwenye mvi hakujua, yule mama wa miwani aliyekupongeza hakujua. Ungenyoosha mkono tu ukasema subirini, hapo yupo mama yangu. Hukusema, kwa sababu jibu lilikuwa limekaa vizuri na watu walikuwa tayari kupiga makofi. Hilo ndilo linaloniuma, Yusuf. Kikulacho ki nguoni mwako.

Na usinirudie na habari ya jiwe la kubuni. Jiwe mmelibuni, mraba upo. Ramani za namna hiyo ndizo wanazozifungua mezani wakitaka kujua wachimbe kisima wapi na zahanati iende wapi. Asiyekuwepo na lake halipo, na sisi hatupo kwa ushahidi wako.

Uongo wangu nilishindwa kuubeba. Kila nilipokwenda malishoni nilikuta wanawake wakimpongeza hooyo, naye akiitikia kwa aibu ya furaha. Siku moja hapa kwangu nikamwambia yote, jiwe, ukanda, nukta, na maneno yako kwa Kisomali sahihi, neno kwa neno. Kisha akataka kuiona ramani tena. Akaniuliza kisima chetu kiko wapi pale, nikamwonyesha weupe. Akauliza kaburi la aabo, baba yetu, liko wapi. Nikamwonyesha weupe uleule.

Akaniambia nichukue kalamu. Nilichukua daftari la mwanafunzi, na hooyo akafanya jambo ambalo sijawahi kumwona akilifanya tangu nizaliwe. Alihesabu. Alitutaja mmoja mmoja kwa majina na vidole, sisi tulio hai na wale wawili aliowazika, wewe ukiwa wa nne, mahali pako. Akataja wajukuu. Akataja aqal za ng'ambo ya bonde na waliolala ndani yake, akataja Waborana tunaokunywa nao maji kisima kimoja. Mimi nilikuwa ninaandika na kulia kama mjinga. Alipomaliza alisema, "Nimewahesabu kwa ajili yake. Likimpata mmoja wao lolote, ni juu yake."

Tangu siku hiyo akipatwa mtoto na homa, mimi silali.

Nimekutumia picha ya kurasa hizo. Sijui kama mtu mmoja anaweza kuisahihisha ramani ya dunia. Najua mtu mmoja anaweza kusimama mbele ya watu walewale waliompigia makofi akawaambia kwamba alikosea, na kwamba alikuwa anajua. Ukifanya hivyo, nitumie video, nami nitaikalia na hooyo nimtafsirie bila kuongeza wala kupunguza. Mengine ni yake na Mola wake, mimi siwezi kumlazimisha mama kusamehe.

Ijumaa iliyopita ulipopiga tulikuwa pamoja. Nilikuambia baadaye mtandao ulikuwa mbaya. Mtandao ulikuwa mzuri, Yusuf. Simu ililia ikiwa mkononi mwake, nikamwambia ni wewe, akaitazama mpaka karibu ikatike. Halafu akanirudishia.

"Mwambie haba hakuna watu," alisema.

Alisema kwa Kiswahili. Hooyo, ambaye Kiswahili chake ni cha polisi wa vizuizi vya barabarani, cha dalali na cha karani, na ambaye hajawahi hata siku moja kukitumia kwa mtoto aliyemzaa. Ndiyo sababu na mimi nimekuandikia kwa lugha hiyo.

Ni mimi, dada yako mkubwa,
Habiba