Mji wa Bakari

Mjukuu na mume wangu Salum,

Huku Quitunda tumeamka wazima. Mama yako anakusalimu sana. Mihogo imetoka midogo tena mwaka huu.

Umeniuliza kama uchukue nakala ya wizi ya ule mchezo wa kujenga miji, maana diski ya marehemu kaka yangu Bakari inakataa kwenye kompyuta yako mpya. Usichukue. Umesema wenyewe wameutoa upya kwa kompyuta za sasa, basi nunua kwao. Ila ukicheza, soma kila unachoulizwa.

Ujanani Bakari alijenga mji kwenye mchezo ule miezi mizima, una mashamba na visima. Siku moja nikacheza wangu, nikataka kuuhifadhi. Kompyuta ikauliza kitu kwa Kireno. Sikuelewa, na sisi tulizoea kwamba Kireno hujibiwa "sim", ndiyo. Nikabonyeza Sim. Mji wangu ukaandikwa juu ya wake, wake ukafutika. Bakari alikitazama kioo, akasema, "Dada, si ungeniita nikusomee?"

Miaka ikapita, tukaitwa mkutanoni kuhusu kuhama kijiji chetu kupisha mtambo wa gesi. Tukaulizwa kwa Kireno. Bakari alikwisha kuzikwa kule kijijini, sikuwa na wa kunisomea. Nikasema sim.

Nyumba hii tuliyopewa huku Quitunda ni ya matofali, haivuji. Kaburi la Bakari limebaki ng'ambo ya uzio wa mtambo.

Mji utakaojenga uupe jina lake. Ukiulizwa kama ufutwe, jibu "não", hapana. Mimi neno hilo nilichelewa kulijua.

Bibi yako,
Mwanaisha