Upande Anaouvaa Punda

Zuhura, mjukuu wangu na mke mwenzangu,

Hapa Mji wa Kale sote hatujambo, alhamdulillahi. Mamako anakusalimu, na paka wako amezaa.

Waniuliza dawa ya farasi unayemtunza huko ugenini, aliyechubuliwa bega na blangeti analofunikwa kwa baridi. Miaka ya vita, nikiwa msichana, baba alikuwa na punda wa kubebea maji. Nikamshonea tandiko la magunia, juu nikalitia maua ya uzi, nikajiona fundi. Siku ya tatu bega likachubuka. Nikapaka mafuta ya nazi, nikamtandika tena. Kidonda kikazidi.

Baba hakunigombeza. Alilipindua tandiko, akaniwekea begani, akalisugua kidogo. Mafundo ya uzi yakanikwaruza.

“Kofia zangu wazishona hivi?” akauliza.

Kofia watu huipindua waone ndani, nami nilijua. Punda nilimwona hana wa kumkagulia tandiko.

Tukampumzisha, tukamwosha kwa maji ya chumvi mpaka ngozi ikafunga. Mafundo nikayahamishia nje, ndani nikatia leso. Maua yakaharibika.

Basi kabla ya dawa, lipindue hilo blangeti, ulipitishe shingoni mwako.

Nimekutumia leso yangu. Usiivae, ni ya farasi. Ni kuukuu, ndiyo maana ni laini.

Nyanyako