Maua ya Manjano Katikati ya Pamba

Mama,

Hukujua kusoma, na barua zote zilizoingia nyumbani kwetu nilikusomea mimi. Hii hakuna wa kukusomea. Naandika hivyo hivyo, maana nisipoandika nitamtukana mtu mbele za watu.

Ndugu yako, mjomba wangu, ni jumbe sasa. Wadachi wamempa kanzu nyeupe na koti jeusi, na anavivaa vyote jua likiwa utosini. Mwaka huu boma liliagiza kila jumbe afungue shamba la pamba. Nchi yote hii ya Nzuguni, Mama, unajua ilivyo tupu, yeye akachagua pale nyuma ya zizi letu la zamani. Pale ulipozikwa. Nilimwendea, nikamwamkia kwa heshima, nikamwambia, mjomba, pale yuko mama na yule mtoto wake aliyemtangulia. Akanijibu, "Dada yangu angenielewa." Hukuwahi kumwelewa hata siku moja. Ulimlisha tu.

Watu wake wakafyeka. Unakumbuka kile kichaka chako kidogo, ulichokipanda wewe mwenyewe juu ya kaburi la mtoto? Sisi tulikuzika ubavuni pake, kikawa kivuli chenu wote wawili, kama ni kivuli kile, maana kilinifika magotini. Kiangazi mtama ukikauka na mbuzi wakionyesha mbavu, chenyewe kinatoa maua ya manjano. Ulikuwa ukichuna gome lake kufungia kuni, unavuta kwa meno huku unaniambia, "Kidogo kidogo, usikiue." Wao walikivuta kwa kamba. Hakuna jiwe pale, Mama, wala fito. Nilisimama nikashindwa kusema kaburi lilianzia wapi. Nililia kwa hasira, si kwa huzuni.

Mjomba hakuja. Tangu tulipokuzika hajakanyaga pale.

Kisha tukaitwa wanawake kupalilia. Nikaenda, maana asiyekwenda anapigwa kiboko. Mvua ilikuwa imekwisha nyesha, na nilipofika kwenye mstari wangu nikakuta kichaka chako kimerudi. Walipokikokota kilimwaga mbegu, sasa zimeota mle mle ndani ya pamba, nyingi zaidi pale mlipolala. Na jani lake changa, Mama, ni jani la pamba tupu. Mimi mwenyewe ilinibidi nilipapase, lile la kwako lina manyoya laini.

Mnyapara wetu ni mtu wa pwani, hajui majani ya huku. Nikainama, nikang'oa pamba. Majani yako nikayapandishia udongo vizuri. Akapita, akatazama, akawaambia wenzangu, "Mtazameni huyu, ndiyo kazi hiyo." Mke wa jirani yetu aliona. Alinitazama kidogo, akaendelea kulima, na jioni akaniletea kibuyu cha maziwa.

Sasa yamechanua. Hata ua lake linafanana na la pamba, ila ni dogo. Kila asubuhi najua mguu wako uko wapi na kichwa chako kiko wapi, na mtoto pembeni.

Najua haitadumu. Wengine pamba yao itapasuka nyeupe, mstari wangu utabaki na vijitumba vikavu. Mnyapara atakwenda kumwita jumbe. Na mjomba si mtu wa pwani, Mama. Amekua akifungia kuni gome lile lile. Atakijua kichaka hicho akiwa bado mbali, na atajua kimeotea juu ya nani.

Nitachapwa, hilo silifichi. Nakuahidi jambo moja: sitakimbia, na sitakubali king'olewe kabla hajafika. Akitaka kuking'oa, ang'oe kwa mkono wake, akiwa amepiga magoti na koti lake.

Lala, Mama. Ndugu yako anakuja kukuona.

Mwanao