Mkia Usio na Sumu

Habaswein,
Kaunti ya Wajir,
Jumapili, 20 Julai 2025.

Mpendwa dada Ilwad,

Assalamu alaikum warahmatullahi wabarakatuh. Natumaini karatasi hii itakukuta mzima, wewe na wote wa nyumba ya ami Bile hapo Tanga, na kwamba kile kikohozi kilichokusumbua tangu Ramadhani kimekwisha. Sisi huku hatujambo, alhamdulillahi. Mke wangu Sado anakusalimu. Mtoto ameota meno mawili na anauma kila kinachopita mbele yake, mimi nikiwemo. Upepo wa mwezi wa saba umeanza, na vumbi sasa ni kiungo cha kila sufuria.

Najua utashangaa kupata barua ya mkono kutoka kwa mtu anayekutumia vichekesho vya simu kila asubuhi. Maneno haya nimeyaandika kwenye simu mara nne na mara nne nikayafuta. Barua nitampa Kadar, dereva wa lori la mifugo anayeshuka Mombasa, naye ataipakia kwenye basi la Tanga. Ikishaingia mfukoni mwake sitaweza kuirudisha.

Nina aibu, Ilwad. Nalisema mapema usije ukadhani nakuzungusha, maana nitakuzungusha kidogo.

Mwezi wa tano nilikuuliza maana ya telson. Nilikwambia kuna mwanafunzi wangu wa kidato cha tatu amelikuta jina hilo kitabuni na hanipi nafasi ya kupumua. Ukanijibu kwa sauti, dakika nne nzima, na nyuma yako nikisikia mashine ya mabwawa yenu ya kamba ikinguruma. Ulieleza kwa upole, kama kawaida yako. Ulisema telson ni kipande cha mwisho kabisa cha mwili, kile kinachofuata baada ya pingili zote, na tundu la haja liko hapo. Kwa kamba kina ncha kama msumari, na mapezi mawili kila upande humsaidia kurukia kinyumenyume akishtuka. Ukasema nyinyi kazini mnampima kamba urefu kuanzia ncha ya pua hadi ncha ya telson, kwa hiyo jina hilo mnalitaja hata mara mia kwa siku. Mwisho ukasema, "Mwambie huyo mwanafunzi wako, kaka, telson ni jina la mahali, si jina la kazi. Nge ameweka sumu yake mahali hapo. Kamba hakuweka kitu."

Mwanafunzi huyo hakuwepo. Aliyeuliza ni mimi, na nilikuwa nimeshachelewa.

Sasa nikueleze tangu mwanzo. Mwishoni mwa mwezi wa nne mvua ilinyesha siku moja tu, lakini ilinyesha kwa hasira, na ile silanga, bwawa la maji ya mvua lililo karibu na kambi ya mama yako, ikajaa hadi kingo. Nakumbuka yeye mwenyewe, Eeddo Saynab, shangazi yangu, alikupigia siku hiyo hiyo kukupa habari. Maji yale yangewatosha watu na ngamia kwa wiki tano bila mtu kuhangaika. Baada ya siku kumi hivi wakatokea wadudu majini, maelfu kwa maelfu. Kila mmoja alikuwa mkubwa kama kidole gumba, ana ngao mgongoni kama kifuniko cha birika, miguu haihesabiki, na mwisho wa mkia una nyuzi mbili ndefu. Wiki hiyo hiyo mbuzi wawili wa Mzee Abdow wakavimba tumbo na kufa. Watu wakaogopa maji.

Wewe uliondoka ukiwa na miaka tisa, labda umesahau desturi ya sahan. Kambi haihami wala haitulii mpaka atumwe mtu akaone malisho na maji kwa macho yake. Akirudi, neno lake halipingwi, kwa sababu watoto na wanyama wote watatembea juu ya neno hilo. Mtu wa sahan anaweza kuwa mchoyo, anaweza kuwa mgomvi, lakini hasemi asichokiona na hafichi alichokiona. Basi Mzee Abdow alikuja mwenyewe hadi lango la shule akaniambia, "Mwalimu, safari hii sahan ni wewe. Kuna kitu ndani ya maji, na sisi hatukijui."

Ningekuwa na akili ningemwambia hata mimi sikijui. Kuna mtu hapo Tanga anayekula na kulala na viumbe wa jamii hiyo, ningeweza kukupigia wakati huo huo. Lakini mzee wa miaka themanini alikuwa amekuja langoni kuniita mimi, na walimu wenzangu wanaangalia. Nilivimba kuliko wale mbuzi wake. Watu wa sahan wa zamani walikuwa wakitembea siku tatu kwa miguu. Mimi nilikwenda kwa bodaboda, nikachota wadudu watatu kwenye chupa ya jamu, na adhuhuri nilikuwa nimerudi kula wali.

Nilifungua kitabu changu cha chuo. Nikapata mchoro wa nge, na pale mwisho wa mkia, kwenye kile kifundo cha sumu, pameandikwa telson. Nikapata mchoro mwingine wa kiumbe anayefanana na yule wa chupani, na mwisho wa mkia pameandikwa telson. Jina ni lile lile. Nikafunga kitabu. Ukurasa uliofuata sikuusoma.

Katika mkutano nilichora juu ya katoni ya tambi, nge upande huu na mdudu wa silanga upande ule, nikaiunganisha mikia kwa mshale mwekundu. Nilitamka telson kama mara kumi, na kila nikitamka naona wazee wanatikisa kichwa. Nikawaambia hapo ndipo sumu inapokaa, na hao wako maelfu majini.

Mama yako ndiye pekee aliyenipinga. Alisimama nyuma, upande wa wanawake, akasema, "Hawa tuliwachezea tukiwa watoto. Wakitokea, ni alama kwamba maji ni mapya. Ngamia wameyanywa maji ya namna hii kabla baba yako hajazaliwa, Yonis."

Mimi nikamjibu shangazi yangu, aliyenilisha maziwa kwa mkono wake, "Eeddo, hii ni sayansi. Haiulizwi ngamia."

Watu walicheka. Nami nikakipenda kile kicheko, Ilwad, nisikufiche. Nilikaa chini nikiwa mtu mkubwa.

Kesho yake kambi ikang'oa mahema kuelekea kisima cha pampu, mwendo wa siku nne na mifugo. Mama yako alibaki siku moja peke yake pale silangani, akinywesha wanyama wake maji yale yale bila tatizo lolote. Lakini hema moja haliwezi kukaa peke yake nyikani, fisi ni fisi. Akawafuata.

Siku ya tatu nilikuwa chumba cha walimu wakati wa mapumziko, natayarisha somo. Kitabu kikafunguka kwenye ule ukurasa nilioruka. Kulikuwa na kamba wa baharini, yule anayeliwa mahotelini, na mkiani pameandikwa telson. Ndipo nikakutumia swali lile la mwanafunzi wangu hewa, na wewe, maskini, ukaacha kazi yako ukanijibu dakika nne.

Nilikusikiliza mara mbili. Bodaboda ilikuwa imeegeshwa nje ya lango. Kambi ilikuwa kituo kimoja kabla ya kisima, ningewafikia kabla ya alasiri na kuwaambia nimekosea, rudini. Kosa la kwanza lilikuwa la ujinga, na mjinga husamehewa. Lakini nilimfikiria Mzee Abdow, nikafikiria ile katoni yenye mshale mwekundu, nikafikiria wale waliocheka watakavyocheka safari hii. Nikajiambia maji ni maji, wakishafika watakunywa na mambo yatakwisha. Kengele ikalia, nikaenda kufundisha.

Hapo kisimani kulikuwa na kambi tatu zimejazana. Sakafu ya saruji karibu na birika la kunyweshea ilikuwa imeloa chapachapa. Ngamia wa nyuma walisukuma, na yule jike aliyekuwa mbele akateleza, miguu ya nyuma ikatanuka huku na huku, paja likavunjika. Hata adhuhuri haikufika kabla hajachinjwa. Alikuwa na mimba.

Ngamia huyo alikuwa Suuban. Huhitaji kuambiwa Suuban ni nani. Siku uliyozaliwa babu alikufungia kitovu chako kwa ngamia jike, yaani akakupa awe wako, na Suuban alikuwa mjukuu wa ngamia huyo, na wa mwisho wa uzao huo. Wahenga walisema asiyesikia la mkuu huvunjika guu. Mimi ndiye sikusikia, akavunjika asiye na hatia.

Sasa nafika pale ambapo nimekuwa nikipazungukia tangu mwanzo. Aliyekupigia simu kukupa habari ni mimi. Nilikwambia Eeddo alimpeleka Suuban kisimani akateleza. Ukauliza kwa nini alihama na ngamia mwenye mimba ilhali alikwambia mwenyewe silanga imejaa. Nami nikasema, "Unamjua mama yako."

Maneno matatu. Sikusema uongo hata mmoja siku hiyo, na hakuna siku niliyodanganya kuliko hiyo. Najua ulimpigia baadaye, najua ulimwambia nini, kwa sababu Sado alikuwa karibu naye akasikia. Ulisema ameiua sehemu yako ya mwisho ya nyumbani kwa ukaidi wake. Tangu hapo hamjasemezana. Idi imepita bila mkono wa Idi, na mimi nimeendelea kukutumia vichekesho kila asubuhi.

Huenda unajiuliza kwa nini hakujitetea. Nilimuuliza hivyo Ijumaa, nilipokwenda hemani kwake kukiri yote. Alisema kama angejitetea ingembidi anishitaki mimi kwako, na mtu hawezi kuponya jicho moja kwa kutoboa la pili. Hapo alikuwa bado anadhani nilikosea tu, kama mtu yeyote anavyokosea. Nikamwambia zaidi ya hapo. Nilimwambia habari ya ukurasa, habari ya sauti yako, habari ya bodaboda langoni. Alikuwa anashona kibuyu cha maziwa. Aliendelea kushona mpaka nikamaliza.

"Ulijua lini?" akauliza.

Nikasema siku ya tatu.

Akaiweka sindano chini. "Siku ya tatu Suuban alikuwa anatembea," akasema.

Kisha akaiokota sindano akaendelea kushona. Nimepigwa viboko na walimu wakali maishani mwangu, dada, na baba yangu unamjua alivyokuwa. Hakuna kilichowahi kunipata kama hilo.

Baada ya swala niliwaambia wazee mbele ya watu wote, wale wale waliocheka. Safari hii hakucheka mtu, na ningependa wangecheka. Mzee Abdow alisema wale mbuzi wake walikufa kwa kuvimbiwa na majani mabichi, jambo ambalo hata mtoto angelitambua kama mwalimu hangekuja na katoni yake. Wakaamua nimpe mama yako ngamia jike, nami nimekubali, nitampeleka mwezi ujao, inshallah. Hilo halikuniuma. Kisha mzee akasema kwa sauti ya kawaida, kama anayeagiza chai, kwamba Yonis hatatumwa tena sahan, wala hataulizwa habari ya maji. Hilo ndilo ninaloamka nalo.

Jana nilipita silangani. Maji yamekauka yote, hakuna aliyeyanywa tena tangu kambi ihame. Tope limepasukapasuka na wale wadudu wamekauka juu yake, nikaokota mmoja nikamgusa mkiani kwa kidole. Ni laini. Ningemgusa siku ile ya kwanza, pengine tusingefika hapa.

Ilwad, msamaha wangu sikuombi katika barua hii. Nitakuja kuuomba nikiwa nimesimama mbele yako, ili ukitaka kunipiga kofi lisikose shavu. Ninaloomba ni moja. Umpigie mama yako. Usimpigie kumwambia umemsamehe, maana hana kosa. Majuto ni mjukuu, na wangu nimeshamzaa na kumpa jina, lakini lako bado linaweza kuzuiwa. Yeye ana miaka sabini na moja. Kila Alhamisi hutembea hadi dukani kuchaji simu, na humwuliza mwenye duka kama mtandao wa Tanga umeshatengenezwa. Hakuna mtu aliyewahi kumwambia kwamba mtandao wa Tanga ni mzima. Wala mimi.

Nisalimie ami Bile na mkewe Muslimo, na umbusu Idman mdogo kwa niaba yetu. Mzee Abdow anakusalimu pia. Sado anasema tukipata nafasi Desemba tutashuka wote.

Salamu za mama yako sinazo. Nilimwomba anipe nizibebe katika barua hii, akasema zake atazitoa mwenyewe, siku utakapopiga.

Mwenyezi Mungu akulinde, akupe moyo mpana kuliko wangu, na akujaalie usikie sauti ya mama yako kabla hujachelewa kama mimi.

Wako akupendaye, ingawa hakukutendea kama apendaye,

Kaka yako Yonis.