Dorika Amwangusha Mwalimu Mkuu Mahakamani

Violeth, uko wapi? Dorika wetu ameshinda kesi! Nimetoka mahakamani Shinyanga sasa hivi.

Si unakumbuka mwalimu mkuu wake, Ndaki, alivyomfanyia fitina akahamishiwa ndani ndani huko Geita? Kisa aliwakataza wanafunzi wasipalilie pamba ya huyo mzee!

Leo Ndaki kapanda kizimbani na suti mpya, anasema Dorika alikuwa mwalimu wa ziada. Wa ziada!

Jaji akamuuliza, "Tangu aondoke, nani anafundisha hisabati?"

Ndaki akarekebisha tai. Jaji akarudia.

"Hakuna, mheshimiwa."

HAKUNA! Watu walicheka mpaka karani akatunyamazisha.

Uhamisho umefutwa. Dorika hakulia wala kushangilia. Muda wote aliokaa huko Geita mbali na mwanawe, hasira ilikuwa imemkaa kifuani. Akamfuata Ndaki nje, akapiga goti kabisa.

"Shikamoo, mwalimu mkuu. Jumatatu nipo darasani."

"Marahaba. Basi yaishe, mwalimu."

"Yaishe? Wazazi wa watoto uliowalimisha wanakushtaki. Shahidi wao wa kwanza ni mimi."

Violeth, Ndaki alikaa chini pale pale kwenye ngazi, na suti yake.