Ruta Zisizo na Taa

Yamumbi, Eldoret
Jumapili mchana, mwezi wa Agosti

Dada yangu mpendwa Selpha,

Mulembe sana kutoka huku kwetu. Nyumba yako iko salama? Ule mguu uliokusumbua wakati wa palizi umepoa? Na shemeji, na majirani wote wa hapo Moi's Bridge, hawajambo? Huku mvua inanyesha kila alasiri, na matope ya njia yetu unayajua. Ashley na mdogo wake wanaenda shule, na Sharon anakusalimu sana. Tuko hai, na kwa hilo tunamshukuru Mungu. Mengine nitakueleza polepole.

Utashangaa kupata bahasha badala ya simu. Simu yako, dada, hupokewa na yeyote aliye karibu, na wewe mwenyewe ukiongea mtaa mzima unasikia. Habari hii nataka uisome ukiwa umeketi peke yako.

Wacha nianze na kompyuta, kwa sababu najua Sharon alikupigia akilalamika. Alikwambia nimeleta nyumbani mashine kubwa inayonguruma kama kinu cha posho, kwamba nikitoka kazini najifungia nayo kwenye chumba cha wageni, na kwamba hata kanisani sionekani. Ni kweli yote. Mashine hiyo nilipewa na Bilal, yule mwenzangu wa kazi aliyekuja kukaa nasi tulipomzika Baba. Ilikuwa imetupwa stoo ya kazini, akaiombea ruhusa na kuniletea.

Kazi yangu unaijua: kupanda milingoti na mapaa ya watu, kufunga vifaa vya intaneti. Ruta ni kile kisanduku chenye taa ndogo kinachoamua ujumbe upite njia gani. Siku hizi kuna ruta zisizo na kisanduku. Ruta nzima huwekwa ndani ya faili moja, ambayo mafundi huiita imeji. Unaitia kwenye kompyuta yenye nguvu na inafanya kazi kama ya kweli. Unaweza kuwasha kadhaa, ukaziunganisha kwa nyaya zisizoshikika, zikaanza kupelekeana habari. Hayo ndiyo niliyokuwa nikijenga.

Hayakunipa raha. Bilal alinitafutia imeji ambazo wenyewe wameruhusu watu wazitumie bure, nikazipakua, nikaziweka kwenye folda kama maelezo yalivyosema. Nikibonyeza ruta iwake, kimya. Nilifuta nikarudia. Nilidhani mashine haina kumbukumbu ya kutosha, nikanunua nyingine. Nilidhani imeji imeharibika, nikaipakua upya. Wiki zikaenda hivyo. Nikawa mkali kwa watoto, na Sharon akiniita kula nasema nakuja na siendi.

Ijumaa moja Bilal alipitia kwangu akitoka msikitini. Aliinama mara moja tu, hata hakuketi.

“Lawrence, si imekuandikia kosa hapa?”

“Wapi?”

“Hapa pembeni, kwa rangi nyekundu. Kwani hauoni?”

Nikamwambia skrini ina vumbi. Akaifuta kwa mkono wa shati lake. Jina la folda lilikosa kistari kimoja tu, na mashine ilikuwa imeniambia hivyo siku zote. Akakiandika. Ruta ikawaka, maandishi yakashuka kwenye dirisha jeusi kama mvua. Nilipaswa kufurahi, dada, lakini sikufurahi.

Nilipomsindikiza mpaka getini alinishika mkono. Alisema aliniona kule Soy, siku tuliyofunga mlingoti kwenye ghala la mahindi, jinsi mguu wangu ulivyoipapasa ngazi na kuikosa, ukaipapasa tena. Alisema yeye ana mke na watoto kama mimi, na hataki kuja kumweleza Sharon jambo ambalo angeweza kulizuia. Aliniomba niende hospitali. Nikamwambia nitaenda.

Sharon naye alikuwa na hofu yake. Unajua vijana wengi wa kazi yetu husoma mambo haya ya ruta, wakapata vyeti na kwenda Qatar. Dada wa pale kanisani aliachwa hivyo na watoto watatu. Basi Sharon akaamini najiandaa kuondoka kimyakimya. Jumamosi, siku nane zilizopita, alisikia sauti ya mwanamume ikiongea Kiingereza ndani ya chumba, akasukuma mlango. Aliniuliza nani huyo ananipangia safari, na kama nilifikiria watoto watakula nini nikishapanda ndege. Alikuwa analia kwa hasira. Nilimwambia hakuna safari, akasema nipeleke uongo huko, na nimwonyeshe basi huyo mtu wa kwenye kompyuta. Hapo ndipo nilipochoka kuficha.

Nilimwambia kwamba sauti ile ni programu inayowasomea maandishi watu wasioona.

Dada, macho yangu yanaisha. Hospitali nilikuwa nimeshaenda, tangu mwezi wa nne, baada ya bodaboda kunigonga kiwiko hapa barabarani ikitoka upande ambao mimi niliona barabara tupu. Daktari aliuita ugonjwa huo presha ya macho. Hauumi, hauwashi. Unakula mwanga kuanzia pembeni, na mtu hajui kwa sababu katikati bado anaona vizuri. Jicho la kushoto limeenda sana. Dawa ya matone nimepewa, naitia kila jioni nikijificha bafuni, lakini daktari aliniambia wazi kwamba inalinda tu yaliyobaki. Yaliyopotea hayarudi.

Ndiyo sababu ya kujenga ruta zile. Kwenye ruta ya kisanduku lazima uone taa, uone tundu la waya, upande mlingoti. Hizi za ndani ya kompyuta zote ni maandishi, na maandishi yanaweza kusomwa kwa sauti. Nilitaka kujua kama nitaweza kazi hii siku nisipoona, kabla siku hiyo haijafika.

Sharon aliketi kitandani. Kisha akaniambia, “Zima skrini. Fanya nikiona.”

Nikaizima. Nikawasha ruta tatu, nikaanza kuzipa anwani na njia, vidole vikitafuta herufi, sauti ile ikinisomea neno kwa neno. Nilikosea katikati, ikanisomea kosa, nikarekebisha. Mwishoni nikaiambia ruta ya kwanza iite ya tatu, kupitia ya pili. Ikajibu. Nilimsikia Sharon akivuta pumzi. Sikuthubutu kugeuka. Akaniuliza swali moja tu: “Na watoto? Macho yao?”

Jumatatu iliyofuata nilienda kwa mkubwa wetu wa kazi, Mbuthia, nikamweleza yote, Bilal akiwa amesimama kando yangu. Nilimwomba anitoe kwenye milingoti, anipe kazi ya kupanga mitambo nikiwa ofisini. Hakukasirika. Alisema ni hatari sana kwamba niliendelea kupanda nikijua, na alisema kweli. Kuhusu ofisini, atafikiria. Tangu siku hiyo niko nyumbani nangoja, na simu ikilia naidaka upesi.

Sasa, Selpha, lililonifanya niandike. Baba alipopofuka, wote tulisema ni dawa alizokuwa akinyunyizia mahindi ya shamba la watu. Hata yeye alikufa akiamini hivyo. Nilipomweleza daktari habari zake aliweka kalamu chini. Alisema ugonjwa huu hupita kwenye damu, na kwamba aliyezaliwa na mzazi au aliye na ndugu mwenye nao lazima apimwe, hata kama anaona vizuri. Tulimwangalia Baba akijigonga mlangoni, tukamwambia apunguze kwenda shambani.

Ashley na mdogo wake wanapimwa Alhamisi. Ndugu yetu Kituyi nimemwambia, naye anaenda na wanawe. Umebaki wewe. Najua utasema unaona mpaka sindano ikianguka, na mimi nilisema hivyohivyo. Njoo wiki hii, Sharon atakupeleka.

Ukifika watakuambia uweke kidevu kwenye kifaa, utazame nukta ya katikati, na ubonyeze kitufe kila unapoona mwanga ukimetameta pembeni. Usibahatishe, dada. Mimi nilikaa pale, giza likawa refu, nikaona aibu, nikaanza kubonyeza hata pasipo na kitu ili nisionekane vibaya. Daktari alijua, akanirudisha nikaanza upya. Wewe usipoona, tulia, acha mashine iandike kwamba hukuona.

Nisalimie shemeji na watoto, na Mama Mideva wa hapo jirani. Utuombee, hasa Alhamisi hiyo. Sharon atakungoja stendi siku yoyote utakayosema.

Ni mimi mdogo wako akupendaye,

Lawrence Wabuge