Tenisi Haijumlishwi

10 Juni 1956

Mpendwa Baba,

Shikamoo. Natumai u mzima, na mgongo haukusumbui sana kwenye cherehani. Mimi sijambo, ila bega la kulia linauma kila nikiamka.

Bado niko chumba kile kile juu ya duka la baiskeli. Wiki hii nilicheza mashindano makubwa kuliko yote niliyowahi kuingia. Wenzangu walibadilisha nguo kwenye chumba chenye makabati. Mimi nilioneshwa stoo ya nyavu. Nimezoea. Nimekuwekea kipande cha gazeti ujionee matokeo, maana mimi mwenyewe sina hamu ya kuyaandika.

Baba, nimechoka. Tangu enzi zile za kuokota mipira ya wakubwa kilabuni hadi leo kulala kwenye treni, mwili umedai haki yake. Nikirudi utanipa nafasi dukani kwako, hata ya kushona vifungo?

Mwanao

2 Julai 1956

Mwanangu,

Marahaba. Sisi hatujambo. Mgongo ni ule ule, tumeshazoeana.

Lugha ya gazeti lako imenishinda, lakini tarakimu ni tarakimu. 6–0, 5–7, 5–7. Nimejumlisha kwa chaki juu ya meza ya kukatia: wewe kumi na sita, yeye kumi na nne. Umempiga! Jirani yetu kinyozi amelibandika gazeti kando ya kioo, na kila anayekuja kunyolewa anaoneshwa tarakimu hizo kwanza, apende asipende. Mimi nimemaliza nguo za watu wiki nzima bila kumwambia mtu "njoo kesho". Hilo nalo ni la gazetini.

Sasa habari ya vifungo umeitoa wapi? Mtu anashinda halafu anakimbia? Mgema akisifiwa tembo hulitia maji; usiwe hivyo. Bega likande kwa maji moto, ukaze mkono.

Baba yako, baba wa bingwa

19 Machi 1957

Baba,

Shikamoo. Nisamehe kwa ukimya. Barua yako niliisoma nikacheka peke yangu chumbani, kisha nikashindwa kuijibu.

Baba, tenisi haijumlishwi. Mchezo hugawanywa kwa seti, na kila seti huanza upya. Siku ile nilichukua ya kwanza, yule bwana akachukua mbili zilizofuata. Mshindi ni yeye. Nilitaka kukuambia, lakini nilipomfikiria kinyozi na kioo chake nikanyamaza. Nikasema ngoja nishinde kweli mara moja tu, ndipo nikuandikie, furaha yako iwe halali.

Nimecheza msimu mzima na bega lile, sikushinda popote. Mwezi uliopita mkono ulikataa kupanda katikati ya mchezo. Nikawa naanzisha mpira kwa kuupiga kutoka chini kama mtoto, watazamaji wakacheka. Daktari amesema tenisi basi. Hata shati navaa kwa taabu, na cherehani sijui kama nitaiweza. Sema neno, Baba. Nije, nisije?

Mwanao

28 Aprili 1957

Mwanangu,

Marahaba. Ya afya yangu tuyaache leo.

Kwanza, hesabu hiyo ni ya wizi. Mwenye kumi na sita anashindwaje na mwenye kumi na nne? Angenipimia hivyo muuza vitambaa ningemwitia polisi. Kinyozi nimemweleza, akalibandua gazeti, na mteja aliyekuwa kitini siku hiyo alitoka na sharubu upande mmoja. Hayo yamekwisha.

Kilichonichelewesha ni hasira. Si kwa kushindwa; nani hashindwi? Uliniomba ruhusa ya kupumzika, nami baba yako mzazi nikakuamuru uendelee, nawe ukanificha kosa langu. Bega hilo nimeliharibu mimi, tena huku natamba mtaani. Uliniacha nikutendee jambo ambalo baba hamtendei mwanawe. Kukusamehe wewe kumenichukua wiki hizi zote. Kujisamehe mwenyewe bado sijaweza.

Njoo. Njoo na mkono mmoja, njoo bila mikono, lakini njoo. Kazi tutaiona hapo mbele. Kwanza ulale mpaka uchoke kulala. Ila siku nyingine ukinikuta nacheka kwa jambo lisilo kweli, mwanangu, nikatize kicheko hapo hapo.

Baba yako